Nani Aliamua Ugali Uwe Mweupe?

Ingia duka lolote kati ya Burma na Kayole uitishe unga. Utaulizwa kama ni kilo moja au mbili, wa paketi au wa posho mill. Hakuna atakayekuuliza rangi. Rangi iliamuliwa kitambo. Sisi watu wa Eastlands tunabishana juu ya kila kitu, kuanzia Gor na Ingwe hadi nauli ya siku ya mvua, lakini sijawahi kuona watu wakibishana kama ugali unafaa kuwa mweupe. Tunauita chakula cha mababu, mambo yanaisha.

Mimi nimelelewa Umoja kwa ugali huo na sina ugomvi nao. Lakini nilipoanza kusoma historia ya mahindi, kwa sababu tu nilitaka kujua kwa nini mkulima hurudi dukani kununua mbegu kila mwaka, niligundua kwamba weupe huu una tarehe. Una anwani. Kuna watu walioutaka, na sababu zao hazikuwahusu mababu zetu hata kidogo.

Jamii moja ya nyasi

Mahindi ni nyasi. Ngano, mchele, mtama, miwa, wimbi, hata mianzi, yote ni jamii moja ya mimea. Tofauti kati ya nyasi ya kuliwa na ng'ombe na nyasi ya kuliwa na mtu si kubwa vile unavyodhani. Mara nyingi ni jeni chache, pamoja na watu waliokuwa na subira.

Ushahidi uko karibu na mlango wako. Kando ya viwanja vya vumbi vya Dandora, kwenye nyufa za lami na kwenye kingo za mitaro, huota nyasi fupi ambazo kuzing'oa ni kazi. Kichwa chake kimegawanyika kama vidole vya mkono uliofunguliwa. Wanasayansi wanaziita Eleusine indica. Sisi hatuziiti chochote, tunazikanyaga tu. Lakini ukihesabu kromosomu zake utapata 18, na ukihesabu za wimbi utapata 36. Hiyo si bahati. Zamani sana, ukoo wa nyasi hizi ulikutana na ukoo wa nyasi nyingine ya karibu, na mtoto akabeba urithi wote wa wazazi wawili badala ya nusu kwa nusu. Kutoka kwa kizazi hicho, wakulima wa nyanda za juu za Ethiopia na Uganda walichagua, mavuno baada ya mavuno, vichwa vilivyokunja vidole na kushika punje zisimwagike. Ngumi hiyo iliyokunjwa ndiyo wimbi.

Hapo ndipo nafaka ya shamba inapoachana na nyasi ya porini. Mmea wa porini humwaga mbegu zake ukishakomaa, kwa sababu bila kumwaga hauna watoto. Mmea wa shamba huzishika ukimngoja mtu. Mtama ulipitia njia hiyohiyo mashariki mwa Sudan yapata miaka 5,000 iliyopita. Kwa hivyo tukisema chakula cha mababu na tumaanishe kweli, tunasema wimbi, mtama na mawele. Ugali wao ulikuwa wa kahawia, mwekundu au wa kijivu.

Mahindi yalikuwa mbali sana. Babu yao ni nyasi ya Mexico iitwayo teosinte, na ukiiona huwezi kuamini kwamba hawa wanahusiana. Ina matawi mengi kama kichaka. Kisuke chake kina punje 5 hadi 12 tu, kila moja ndani ya ganda gumu la kuvunja jino. George Beadle, Mmarekani aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1958 kwa kazi nyingine ya jeni, alishikilia kwa miaka mingi kwamba hiyo ndiyo asili ya mahindi, na wako wakubwa wa fani yake waliompinga. Alipostaafu alichanganya mahindi na teosinte, akaotesha wajukuu wao kama 50,000, kisha akaanza kuhesabu. Karibu mmoja katika kila 500 alifanana kabisa na teosinte, na idadi kama hiyo ikafanana na mahindi.

Hesabu yake si ngumu. Kama tofauti ingebebwa na jeni 4, ungetarajia mmoja katika kila 256. Kama ni jeni 5, mmoja katika kila 1,024. Mia tano iko katikati. Yaani kile kinachotenganisha kichaka cha porini na hindi la kuchoma la stage ya Donholm, kwa sehemu kubwa, ni vipande vinne au vitano vya urithi. Baadaye jeni zenyewe zilipatikana. Moja, iitwayo tga1, ndiyo inayoamua kama punje itafungiwa ndani ya ganda au itakaa wazi. Kazi hiyo ilianza kwenye bonde la mto Balsas yapata miaka 9,000 iliyopita, kwa mikono ya wakulima ambao hakuna aliyeandika majina yao.

Kariokor

Mahindi yalifika pwani ya Afrika Mashariki wakati wa Wareno. Jina tulilowapa wageni hao linaelekeza kidole India, si Amerika. Kwa watu wa pwani kitu kilichoshuka kutoka jahazini kilikuwa cha ng'ambo, na ng'ambo waliyoijua ni hiyo. Kwa karne kadhaa yalibaki zao la pembeni, la kuchoma yakiwa mabichi huku watu wakingoja nafaka zenyewe zikomae. Na yalikuwa ya rangi zote: mekundu, ya zambarau, ya manjano, mengine madoadoa.

Mahindi meupe yaliletwa na walowezi mwanzoni mwa karne ya 20. Walichukua kutoka Afrika Kusini aina za Kimarekani zenye punje pana nyeupe, mojawapo ikiitwa Hickory King. Tayari kulikuwa na reli ya kuyafikisha bandarini, na viwanda vya wanga vya Uingereza vilitaka mahindi meupe. Soma hapo tena polepole. Weupe wa kwanza haukuwa wa sufuria ya mtu yeyote wa hapa. Ulikuwa wa kiwanda cha ng'ambo.

Kisha ikaja vita ya 1914. Waingereza walichukua wanaume kwa maelfu kuwabebea mizigo hadi Tanganyika, kwenye kikosi kilichoitwa Carrier Corps. Jina hilo likipita kwenye midomo yetu ndilo likawa Kariokor, palepale unaponunua kiondo na nyama choma wikendi. Chakula cha wabebaji kilikuwa unga wa mahindi, kwa sababu ni mwepesi kubeba na rahisi kugawa kwa kipimo. Wengi wao walitoka kwenye ndizi, viazi na wimbi. Ule unga mkavu, uliopikwa haraka na usioiva, uliwaumiza matumbo. Makumi ya maelfu ya wabebaji hawakurudi nyumbani, na waliouawa na magonjwa, kuhara damu kukiwa mbele, ni wengi kuliko waliouawa na risasi.

Walionusurika walirudi na mazoea mapya, na vijijini walikuta hali mbaya. Mwaka 1918 na 1919 kulikuwa na ukame, njaa na homa kali ya mafua kwa pamoja. Watu walikula hadi wimbi na mtama waliokuwa wameweka kwa ajili ya kupanda. Mtu akishakula mbegu, msimu unaofuata anapanda anachopewa. Alichopewa kilikuwa mahindi meupe.

Hapo ndipo mitaa yetu inapoingia kwenye hadithi. Pumwani ilianzishwa miaka ya mwanzo ya 1920, nyumba za reli zikaja Muthurwa na baadaye Makongeni, Kaloleni ikajengwa miaka ya 1940. Vyumba vingi vya mwanzo vilijengwa vikimfikiria mwanamume mmoja aliyekuja mjini kufanya kazi na mke akabaki ushago. Mwajiri alimpa mshahara mdogo na juu yake posho, na posho ilikuwa unga wa mahindi, mara nyingi ratili mbili kwa siku. Neno hilo bado tunalo. Ukisema "posho mill" unasema kinu cha kusagia chakula cha kibarua. Wimbi halikuingia kwenye hesabu hiyo kwa sababu punje zake ni ndogo mno, kuzipura na kuzisaga ni kazi ya mikono mingi, na mikono hiyo ilikuwa imeachwa ushago.

Rangi ya njaa

Sasa tuje kwenye weupe wenyewe, maana hapa jeni zinasema kitu ambacho historia peke yake haisemi.

Rangi ya manjano ya mahindi inategemea hasa jeni moja, iitwayo Y1. Ikifanya kazi ndani ya punje, inatengeneza rangi za kundi moja na zile za karoti, na baadhi yake mwili huzigeuza kuwa vitamini A. Jeni hiyo ikizimwa ndani ya punje, unapata nyeupe. Manjano ina nguvu juu ya nyeupe: nakala moja inayofanya kazi inatosha kutia punje rangi. Na chavua ya mahindi hubebwa na upepo. Kwa hivyo jirani akipanda manjano na wewe ukapanda nyeupe, huhitaji kungoja kizazi kingine uone matokeo. Msimu huohuo utamenya hindi lako ukute punje za manjano zimekaa kati ya nyeupe kama meno ya dhahabu, kwa sababu kila punje ni mtoto mwenye baba yake.

Maana yake ni hii: mahindi yakiachwa yenyewe hayabaki meupe. Weupe unahitaji kulindwa. Na kilichoulinda Kenya ni bei. Mahindi yalipoanza kupimwa kwa daraja kabla ya kununuliwa, gunia lenye mchanganyiko wa rangi lilishushwa thamani. Mkulima hakuhitaji amri ya serikali kutupa mbegu zake za rangirangi. Soko lilimfundisha.

Baadaye hata soko halikuhitajika, tulijilinda wenyewe. Mwaka 1984 mvua zilikosekana na serikali ikaagiza mahindi ya manjano kutoka nje. Kwa Wamarekani hayo ni mahindi ya kawaida, mengi yao hulishwa mifugo. Shosho yangu, aliyekuwa akiishi Jericho mwaka huo, hakuwahi kusema "mwaka wa 1984". Alisema "ile mwaka ya yellow". Aliukumbuka ugali huo kwa harufu yake, kwa foleni, na kwa aibu ya kuonekana na majirani ukiubeba. Kila nikimwambia kwamba ule wa manjano ndio uliokuwa na vitamini, alicheka akasema hiyo vitamini ingekuja na sukari. Simlaumu. Mahindi yaliyosafiri baharini na kukaa ghalani miezi mingi hayawezi kushindana na ya Kitale yaliyovunwa juzi. Lakini alichokumbuka hakikuwa uchakavu wa mahindi, ilikuwa rangi. Na hivyo rangi ya manjano ikawa rangi ya njaa na ya kuomba, kwa watoto na wajukuu ambao hata hawajawahi kuionja.

Kitale, 1964

Ingekuwa rahisi kusimulia haya yote kama hila ya mkoloni, na hadithi ingeisha hapo. Lakini kuna sehemu yake inayostahili heshima.

Mwaka 1955, kwenye kituo cha utafiti cha Kitale, mtafiti wa mbegu Michael Harrison alianza mradi wa kuboresha mahindi. Alikuwa na mahindi meupe ya walowezi, ambayo wakati huo yalikuwa yamekwisha kuizoea Kenya. Tatizo lilikuwa kwamba yote yalikuwa ndugu. Ukioza ndugu kwa ndugu hupati nguvu mpya. Kwa hivyo alienda kutafuta damu nyingine Amerika ya Kati na Kusini, kwenye nyumbani kwa mahindi, na mojawapo ya mbegu zilizoletwa ilitoka milima ya Ecuador. Iliitwa Ecuador 573. Peke yake shambani Kitale haikuwa ya kujivunia. Ilipochanganywa na mahindi ya Kitale, watoto waliwashinda wazazi wote wawili kwa mbali, wakazaa karibu asilimia 40 zaidi ya aina bora iliyokuwepo.

Mwaka 1964, miezi michache baada ya uhuru, mbegu hiyo ilitolewa kwa wakulima kwa jina H611. Aliyeizalisha na kuiuza ni Kenya Seed, kampuni iliyoanzishwa Kitale mwaka 1956 kwa kazi ya kuuza mbegu za nyasi za malisho. Duka la nyasi za ng'ombe likawa duka la nyasi za watu. Wakulima wadogo wa Magharibi na Bonde la Ufa waliichukua mbegu hiyo kwa kasi iliyolingana na ya wakulima wa Iowa walipopokea mahindi chotara miaka ya 1930. Ziada yao ndiyo iliyolisha Eastlands ikikua, kutoka Jericho hadi Buru Buru, Umoja, Dandora na Kayole. Bila Kitale sijui mathe angepika nini.

Ila chotara ina sharti lake. Nguvu ile iko kwenye kizazi cha kwanza. Ukipanda punje ulizovuna, jeni zinachanganyika upya na watoto wanatofautiana, huyu mrefu, yule mfupi, mwingine hana hindi kabisa. Unaweza kuliona jambo hili bila kutoka mtaani. Mvua za Aprili zikinyesha, watu hupanda mahindi kwenye kila kipande cha ardhi kisicho na mwenyewe, kando ya reli, kando ya mto Nairobi, chini ya nyaya za stima. Wengi hawanunui mbegu. Wanapima gorogoro moja sokoni na kuchota humo ya kupanda. Ifikapo Juni utaona mstari wa mahindi kama foleni ya watoto wa shule ambao kila mmoja ametoka darasa lake. Mkulima hajakosea kupalilia. Anaona hesabu ya urithi ikijifungua.

Mbegu ya nani

Kwa hivyo kila mwaka unarudi dukani. Kwa mkulima mwenye pesa na mvua, hesabu hiyo inalipa. Lakini jambo la kiufundi liligeuka likawa jambo la sheria. Mwaka 2012 Sheria ya Mbegu na Aina za Mimea ilirekebishwa, na kuuza au kubadilishana mbegu ambayo haijathibitishwa na serikali kukawa kosa la kufungwa hadi miaka miwili au kutozwa faini ya hadi shilingi milioni moja. Kwa maneno mengine, kile ambacho shosho zetu walifanya kwenye kila harusi na kila ziara ya ushago, kufunga wimbi kidogo kwenye leso na kumpa jirani, kingeweza kukupeleka ndani. Wakulima wadogo 15 walikwenda mahakamani, na Novemba 2025 Mahakama Kuu ikaamua kwamba vifungu hivyo vinakiuka Katiba.

Kesi hiyo si ya watu wa ushago pekee, na sababu yake ilionekana mwaka 2011. Mwaka huo ugonjwa mpya uliibuka Bomet, virusi viwili vinavyoshambulia mahindi kwa pamoja na kuyakausha yangali machanga. Karibu kila aina iliyokuwa shambani ilishindwa. Kukimbizana na ugonjwa huo, watafiti walilazimika kupima maelfu ya aina kutoka pande zote za dunia huko Naivasha, wakitafuta chache zilizobeba kinga. Kinga hutoka kwenye utofauti. Nchi iliyotupa mahindi yake ya rangirangi imetupa pia majibu ya maswali ambayo bado hayajaulizwa, na swali likija, bei ya unga hupandia hapa kwetu kwanza. Unakumbuka pakiti ya kilo mbili ya 90 bob mwaka 2017, na ya 100 bob Julai 2022. Gava hushusha bei uchaguzi ukikaribia, lakini shamba halifuati kalenda ya kura.

Weupe nao umeacha deni. Tangu 2012 sheria inataka unga wa paketi uongezwe vitamini A na madini. Yaani tunarudisha kiwandani, kwa gharama, kitu ambacho punje ya manjano hujitengenezea yenyewe. Na posho mill nyingi za mtaani hazina mashine ya kuongeza chochote, ilhali anayenunua unga wa kupima wa ishirini bob ndiye ambaye mtoto wake anahitaji vitamini hiyo zaidi.

Muguga, nje kidogo ya jiji, kuna benki ya jeni ya taifa iliyoanza kazi mwaka 1988. Ndani ya vyumba vya baridi kuna wimbi, mtama na mahindi ya rangi ambazo wengi wetu hatujawahi kuziona sufuriani. Mbegu hizo si makumbusho. Ni malighafi, kama Ecuador 573 ilivyokuwa kabla mtu hajaichanganya na ya Kitale. Kuna watafiti wanaoweza kuzitumia, na kuna wakulima ambao sasa wanaruhusiwa kupeana walizonazo. Kinachobaki ni sisi tunaokula, maana mtafiti hatengenezi mbegu ya unga ambao hakuna anayeuitisha.

Sisemi tuache ugali mweupe. Nasema tuuache kuwa kitu kisichoulizwa. Mara ya mwisho rangi yake ilipoamuliwa, watu wa Eastlands hawakuulizwa. Walikuwa kwenye foleni ya posho.